Baba Mkubwa wa Kuzimu

Baba mkwe wangu aliwajua watoto wote wa Zeu, mkuu wa miungu ya Wagiriki. Aliwajua wa ndoa na wa nje ya ndoa, waliozaliwa na miungu wa kike na waliozaliwa na wake za watu, yule aliyetokea kichwani na yule aliyeshonewa pajani. Ungemwamsha usingizini ukamuuliza nani kamzaa nani, angekujibu kabla hajafikicha macho. Lakini binti yangu, mjukuu wake wa damu, aliyetambaa chini ya kiti chake akiokota makombo ya chapati aliyoyaangusha yeye mwenyewe, alimwita "mtoto wa huyu." Huyu ni mimi.

Tulimwita Profesa kwa sababu alitaka kuitwa hivyo. Alikuwa amefundisha Kilatini na mambo ya watu wa kale katika shule ya mapadri, na neno "mwalimu" aliliona ni la watu wa chaki na viboko. Vita vilipoingia kata yake, kaskazini mwa mji wa Bujumbura, majirani wakafukuzana kwa mapanga na nyumba zikatiwa moto, alikuja kwetu Jabe na sanduku la vitabu na blanketi. Hakuchukua sufuria, hakuchukua hata sahani. Vitabu tu.

Mwanawe wa kwanza alikuwa dekleran, mtu wa kupitisha mizigo ya watu bandarini, na alikuwa na nyumba nzuri karibu na ziwa, yenye mlinzi getini na maua yaliyomwagiwa maji hata siku ambazo sisi hatukupata ya kunywa. Ungedhani mzee angekimbilia huko. Alikimbilia huko kweli. Alikaa wiki chache tu, mke wa dekleran akasema nyumba yake haina nafasi ya mtu anayeongea wakati wa habari za redio. Ndipo akakumbuka kuwa ana mtoto wa pili, mume wangu, ambaye alikuwa ameoa Muswahili na kuhamia kwenye parseli ya mama mkwe, kiwanja chake chenye nyumba na ua.

Hilo kwao lilikuwa aibu juu ya aibu. Mwanamume hahamii kwa mama mkwe. Na sisi Waswahili wa Jabe, machoni pa watu kama yeye, tulikuwa watu wasio na chimbuko. Siku ya kwanza kuniona, kabla sijaolewa, aliniuliza swali ambalo kila Mrundi anaulizwa:

"Kwenu ni kilima gani?"

"Kwetu ni hapa Jabe, baba."

"Jabe si kilima. Jabe ni soko."

Basi, hilo soko ndilo lililompokea. Wakati kata nyingine zilikuwa zinachujana, hawa huku, wale kule, kwetu watu wa pande zote walikuwa bado wananunua ndagala, dagaa wa ziwani, kwenye meza moja na kugombania kipimo kimoja. Mama yangu, mwanamke wa kuswali, mpishi wa pilau za harusi na matanga ya Jabe nzima, alimpa chumba cha mbele chenye dirisha. Hakusema ahsante. Alisema chumba kina unyevu.

Kulikuwa na siku ambazo mji ulifungwa. Tuliziita siku za mji mfu. Vijana wenye mabomu ya mkono waliamua hakuna kutoka, maduka ya Wahindi kule Asiatique yakashusha milango, mabasi yakalala, shule zikafungwa. Watoto wa parseli walijazana uani kama kuku tengani. Siku hizo Profesa alifufuka. Alichukua kipande cha makaa kutoka kwenye mbabula yangu, niliyokuwa nikipikia, hata bila kuniomba, akaanza kuchora kwenye ukuta wa mama ukoo wa miungu ya Wagiriki. Mstari huku, mstari kule, majina yamening'inia kama nguo kwenye kamba.

Mama akatoka na taulo kichwani.

"Astaghfirullah! Masanamu ukutani pangu?"

"Si masanamu, mama. Ni ukoo."

"Ukoo wa nani?"

"Wa miungu."

"Mungu ana wajomba? We mzee, jua limekupiga?"

Mume wangu akamwomba mama aache, baba ana huzuni ya nyumba yake. Mama akaacha. Mimi nilikuwa nimeketi na kinu, natwanga sombe, majani ya muhogo, mtoto mgongoni, nikasikiliza. Si kwamba habari zenyewe zilikuwa ngeni kwangu. Nilisoma sekondari kwa masista, na tulikuwa na kitabu chenye picha za hao miungu. Masista walikuwa wamebandika vipande vya karatasi nyeupe kwenye mapaja yote. Tulisoma ukoo wa Zeu huku tukibandua karatasi kwa kucha. Profesa hakuwahi kuniuliza kama nimesoma. Aliona kinu, akaona nimekwisha.

"Kwanza," aliwaambia watoto, "kulikuwa na Kronosi. Kronosi alimwoa Rea."

"Rea ni mutoto wa nani?" akauliza binti wa fundi makanika wa jirani, kasichana kembamba kasikokuwa na meno ya mbele.

"Rea ni dada yake."

"Dada yake wa kanisani?"

"Dada yake. Baba mmoja, mama mmoja."

Watoto wakatazamana, wakafunika midomo. Profesa akaendelea kuwa Kronosi aliwameza watoto wake, mmoja baada ya mwingine, kwa kuogopa wasije wakamnyang'anya kiti.

"Mutu ameoa dada yake," kale kasichana kakasema, "atashindwa kumeza watoto?"

Nilicheka mpaka mchi ukanitoka. Profesa aliniangalia kama mtu anayemwangalia mbuzi aliyekohoa kanisani. Lakini kasichana hakakuwa kamemaliza. Kalikuwa kamesimama karibu na ukuta, kidole kikifuata mistari.

"Profesa. Huyu Hera ni dada ya Zeu, na ni muke wa Zeu. Sasa hawa watoto Zeu alizaa inje, wanamwita Hera nani? Mama wa kambo ao shangazi?"

"Miungu hawana shangazi."

"Kila mutu ana shangazi, Profesa."

"Nimesema hawana! Bon. Tuendelee."

Hapo ndipo nilipomjua. Shangazi, kwetu sote, Mwislamu au Mkristo, wa soko au wa kilima, ndiye anayekukalisha kabla ya kuolewa, ndiye anayesuluhisha ukirudi nyumbani unalia, na ndiye pekee anayeweza kumwambia baba yako nyamaza. Yule mzee alikuwa na ukoo mzima ukutani na hakutaka kujua nani ni nani kwa mwenzake. Kwake yalikuwa majina ya kukariri ili watu waseme ah, huyu amesoma. Mtoto asiye na meno alijua kazi ya ukoo: umwite nani nani, usimwoe nani, nani atakulisha baba yako akifa. Na huko nje ya ukuta, usisahau, watu walikuwa wanasimamishwa barabarani na kuulizwa baba yao ni nani, na jibu likawa ndiyo hukumu. Yeye alikuwa anachora mababa kwa makaa yangu.

Mume wangu alikufa barabarani. Basi dogo lilikuwa linapanda mlima asubuhi, likasubiriwa kwenye kona. Hiyo ndiyo habari yote. Kila parseli ilikuwa na habari ya namna hiyo, na aliyeirefusha alionekana anajidai. Makaburini Profesa alisimama akamfananisha mwanawe na shujaa wa kale aliyekufa akilinda kuta za mji wake. Mume wangu alikuwa amekwenda kununua viazi.

Baada ya mazishi huwa kuna mwaka wa kungoja, halafu inakuja siku ya kuganduka, siku ya kumaliza kilio kabisa. Siku hiyo si ya kula na kuagana tu. Ukoo wa marehemu unasimama mbele ya watu wote na kusema: mjane atakaa wapi, watoto wataenda kwa nani. Kinachosemwa siku hiyo kimesemwa. Ukienda hata mahakamani baadaye, hakimu atakuuliza kwanza: siku ya kuganduka mlisemaje? Na kwao, kama kwa wengi, mtoto ni wa upande wa baba. Mama ni mlango tu, mtoto amepita, mlango unabaki.

Siku hiyo ilipokaribia, dekleran alianza kuja kwetu mara kwa mara. Alikuja na keki kwenye boksi. Alimbeba binti yangu, akamuuliza anaitwa nani, ingawa alikuwapo siku anapewa jina. Mke wake alikuwa hajazaa, miaka ilikuwa imekwenda, na maneno ya watu yalikuwa yameanza. Nilifikiri ni huruma tu. Mimi ni mjinga wakati mwingine, hasa mbele ya keki.

Mchana mmoja nilikuwa nyuma ya pazia la jikoni nachambua mchele. Wao wawili walikuwa wamekaa upande wa pili, baba na mwana, hawakujua nipo, au walijua na hawakujali, maana mtu anayechambua mchele si mtu.

"Mke wangu amekubali mtoto," dekleran alisema. "Atasoma shule nzuri. Ana chumba chake tayari. Lakini baba, wewe bado hujakubali."

"Mtoto mdogo hawezi kwenda peke yake nyumba ya watu asiowazoea. Atalia usiku kucha. Anahitaji kwenda na mtu aliyemzoea."

"Nani? Mama yake?"

"Mama yake! Mama yake abaki hapa na sufuria zake. Mimi. Mtoto amenizoea mimi."

Amenizoea mimi! Mtu ambaye hajawahi kumpakata. Alipokuwa na homa, mzee alifunga mlango wake kwa sababu kikohozi kilimharibia usomaji.

Dekleran akasema atazungumza na mke wake, pengine kwa ajili ya mtoto atakubali mzee arudi. Kisha akauliza: "Na mama yake akikataa mbele ya watu? Hawa wa Jabe wana midomo."

"Hatakataa. Nitaliweka vizuri. Nusu ya mwaka kwako, nusu ya mwaka kwake. Kuna mfano wake, mfano mzuri sana, wa zamani sana. Mtoto wa Demeta. Hata miungu waliamua hivyo."

Nilikaa na ungo wangu mapajani. Kwa hiyo mtoto wangu alikuwa tiketi. Mzee alikuwa amechoka na unyevu wa chumba chake, akatafuta njia ya kurudi kwenye maua ya karibu na ziwa, akaiona njia hiyo inatambaa chini ya kiti.

Nilimwendea mama. Alikuwa anasugua sufuria kubwa, zile za pilau ambazo ungeweza kumwogeshea ndama.

"Sipiki," nilimwambia. "Siku hiyo hakuna moto kuwashwa hapa. Demeta alipochukuliwa mtoto wake aliizuia ardhi isitoe chakula, mpaka hao miungu wenyewe wakapiga miayo. Na mi nazuia."

"Huyo Demeta alikuwa na wageni?"

"Mama!"

"Nakuuliza. Watu watatoka kilimani kwa miguu, wapite bariera za wanajeshi, wavuliwe mpaka viatu, wafike hapa we uwanyime wali? Apana. Katika parseli yangu mgeni hakai na njaa kwa sababu ya mambo ya miungu. Tafuta silaha ingine."

"Wanachukua mutoto wangu, mama."

Akaacha kusugua.

"We una mdomo ao hauna? Nilikusomesha kwa masista ukae jikoni unazima moto?"

Kwa hiyo pilau ilipikwa. Niliimenyea vitunguu mwenyewe, na machozi niliyotoa siku hiyo yalikuwa ya vitunguu, ukitaka kuamini.

Kikao kilianza mchana mapema, ili watu warudi makwao kabla ya saa ya kutotembea. Tulitandaza shitingi juu ya ua, lile turubai la buluu wanalopewa wakimbizi, ambalo siku hizo ndilo lililokuwa paa la nusu ya nchi. Wanaume upande huu, wanawake upande ule. Katikati meza, picha ya mume wangu, kipaza sauti cha kukodi kilichopiga mluzi kila mtu alipokisogelea. Mimi niliketi karibu na picha, kichwa chini. Mjane hasemi. Anasemewa. Aliyenisemea mimi alikuwa mjomba wangu, muuza vipuri vya baiskeli, mtu mwema kabisa anayeogopa kila mwenye tai.

Binti yangu hakuwa mapajani pangu. Mke wa dekleran alikuwa amemchukua mapema "amchezeshe kidogo," akamvalisha viatu vyeupe vipya, vikubwa, vikimvuka kila akipiga hatua. Nilivitazama vile viatu wakati wa sala zote. Wamekwisha kumvalisha safari.

Msemaji wa ukoo wao, mtu mwenye sauti ya ng'ombe, akashukuru huyu na yule, akasema sasa mzee mwenyewe ataeleza neno la mtoto. Profesa akasimama. Koti lake nililipiga pasi mimi.

Siwezi kusema alizungumza vibaya. Alizungumza vizuri, kama redio. Alisema vita vimevunja nyumba, lakini watu wenye elimu hutazama nyuma kutafuta hekima. Alisema Wagiriki, ambao ndio baba wa elimu yote, walikuwa na kesi kama hii. Kulikuwa na mama mmoja, Demeta, na binti yake mmoja, Persefone. Binti akachukuliwa kwenda nyumba nyingine, nyumba ya mtu mkubwa, tajiri. Mama akalia. Zeu, mkuu wa wote, akakata shauri lenye busara: binti akae sehemu ya mwaka kule, na sehemu ya mwaka kwa mama yake. Wote wakaridhika. Vwala. Ndivyo na sisi tutakavyofanya. Miezi ya shule mtoto atakuwa kwa baba mkubwa wake. Likizo atakuja hapa. Na kwa kuwa ni mdogo, babu yake atakwenda naye kumtuliza.

Wazee wakatikisa vichwa. Mmoja akasema, "Kumbe hata Wazungu wa zamani walikuwa na akili." Mjomba wangu akasimama, akakohoa, akaanza: "Sisi upande wetu tumesikia, na tunaona kama ni..."

Nikasimama. Sikuamua. Magoti yalinyooka yenyewe.

"Profesa amesema kweli," nikasema, "lakini hajamaliza habari. Naomba amalize."

Msemaji akanipungia mkono kama anafukuza nzi. "Mukazana, kaa chini. Mjane hasemi."

Hapo shangazi wa mume wangu, dada mkubwa wa Profesa, akainua mkono. Alikuwa ameteremka kutoka kilimani siku hiyohiyo, vumbi bado kwenye vifundo vya miguu, na alikuwa hajagusa soda yake kwa sababu alisema inachoma pua.

"Mwache," akasema. "Nimetoka mbali. Ndugu yangu ametuhukumia kwa kesi ya watu tusiowajua. Mi hata sijaelewa huyo Zeu ni wa kilima gani."

Wanawake wakacheka. Profesa akasema, "Dada, hayo ni mambo ya kitabu."

"Basi atufungulie hicho kitabu. Sema, mukazana."

Nikamgeukia shangazi, si mzee, maana kwao mukazana, yaani mkamwana, hamuulizi baba mkwe maswali usoni. Lakini kila mtu alijua nani anapaswa kujibu.

"Shangazi, yule binti, Persefone, baba yake ni huyohuyo Zeu aliyekata shauri. Aliyemchukua anaitwa Hadesi, mwenye kumiliki kuzimu. Naomba Profesa atuambie, Hadesi ni nani kwa Zeu?"

Angeweza kunyamaza. Mtu mwingine angenyamaza. Lakini yeye kuona swali la ukoo wa miungu halijajibiwa kulikuwa ni kama kuona moto kwenye godoro lake.

"Kaka yake," akasema. "Kaka yake mkubwa."

"Kwa hiyo kwa mtoto ni nani?"

Upande wa wanawake ukajibu kwa sauti moja, kama kwaya: "Baba mukubwa!"

"Na Hadesi ni nani kwa Demeta, mama wa mtoto?"

"Hilo halina maana hapa."

"Ni nani?" akauliza shangazi.

"Ndugu yake pia," akasema taratibu. "Wote watoto wa Kronosi."

"Mjomba!" wakasema wanawake, na sasa hakuna aliyecheka. Wengine walikuwa wanahesabu kwa vidole, baba mkubwa upande huu, mjomba upande ule, mtu mmoja.

"Na alimchukua ili nini, Profesa? Alimchukua amsomeshe? Alimpa chumba chake? Alimnunulia viatu?"

"Ni mfano tu. Ni lugha ya mafumbo. Nyinyi hamwezi..."

"Alimchukua awe nani wake?"

Kipaza sauti kikapiga mluzi. Yeye akatazama ukuta, akatazama wazee, akatutazama sote kama darasa lililofeli kwa makusudi.

"Mke wake," akasema.

Mzee mmoja akatema mate chini. Kwa Kirundi akasema neno ambalo halisemwi ovyo, amahano, jambo la kuharibu ukoo mpaka mvua ikatae kunyesha. Shangazi akaweka chupa yake chini polepole sana.

"Ndugu yangu," akasema. "Umesimama mbele ya picha ya mwanao. Umesema mtoto wake aende kwa baba yake mkubwa, kama yule aliyekwenda kwa baba mkubwa wake akafanywa mke. Na umesema ni busara."

"Sikusema hivyo!"

"Umesema. Tuko hapa sote. Siku ya kuganduka hairudishwi."

"Dada, hao ni miungu!"

"Miungu gani? Baba anameza watoto, kaka anaoa dada, baba mkubwa anaiba binti. Hao ndio wazee wa baraza umetuletea? Kilimani kwetu hata mbwa tungewafunga."

Najua unachofikiri. Hakumaanisha hivyo. Najua hakumaanisha, na dekleran alikuwa na nia ya shule na keki. Lakini mimi ndiye niliyewaita hao miungu kwenye matanga ya mume wangu? Amewaleta mwenyewe, na koti limepigwa pasi. Alikuwa anajua majina yote ya nyumba ile na hajawahi kuingia ndani akaona wanalalaje.

Mke wa dekleran alikuwa amesimama. Alimweka binti yangu chini kama mtu aliyegundua amepakata sufuria ya moto.

"Mume wangu ndiye huyo wa kuzimu?" akauliza. Hakumuuliza mtu yeyote, aliwauliza wote. "Na mi ni nani basi? Na kesho sokoni wataniitaje?"

Dekleran alikuwa mtu wa watu. Bandarini alijuana na wachukuzi, na makapteni, na wenye malori, na alijua vizuri kuwa Bujumbura jina la utani likikupata mchana, jioni limefika Kigoma. Alitembea mpaka mezani, akachukua kipaza sauti mkononi mwa baba yake. Hakumnyang'anya, lakini hakungoja apewe.

"Mtoto atabaki kwa mama yake," akasema. "Miezi yote. Nimesema mbele ya watu. Na habari ya huyo Hadesi, tafadhali, mutu asinitajie tena."

Msemaji akauliza wazee kama wamesikia. Wakasema wamesikia. Akamuuliza mjomba wangu kama upande wetu umesikia, na mjomba, ambaye dakika chache kabla alikuwa anamtoa mtoto wangu kwa adabu, akasema kwa sauti kubwa, "Tumesikia sana!"

Binti yangu akaja kwangu kupitia katikati ya ua, peku. Viatu vilikuwa vimebaki njiani, kimoja huku, kingine kule. Nikamfunga mgongoni mbele ya watu wote, nikakaza kitenge mpaka akalalamika.

Dekleran na mkewe hawakungoja chakula. Gari lao lilipoondoka Profesa alikuwa bado amesimama karibu na meza, mkono umeinuliwa kidogo, kama anayetaka kusimamisha basi. Hawakumchukua. Hawakugeuka hata kumtazama. Watu wakamwacha palepale na picha ya mwanawe, wakaanza kusogeza viti kuelekea harufu ya pilau, maana saa ya kutotembea haingoji mtu.

Akabaki kwetu, wa kwenda wapi? Akaja akaketi kwenye kiti chake mlangoni, na baada ya muda akaniambia, bila kunitazama:

"Sikujua kama umesoma."

"Hukuuliza, baba."

"Mfano ule una maana nyingine. Ya majira. Ya mbegu kulala ardhini na kuota tena. Ungenipa nafasi ningewaeleza..."

Nikachukua sahani kubwa. Nikapakua pilau mpaka ikawa kichuguu, nikamwekea nyama ya mfupa, nikamwekea na ukoko wa chini anaoupenda. Mama akaniangalia, akafikiri nimesamehe. Nilikuwa nataka tu kinywa chake kijae.

Alikula. Alipomaliza akaniinulia sahani nimwongeze.